Mwanasayansi Aliyeisoma Gita

(Mazungumzo yaliyotolewa ukumbini mwa mandir katika juma la maadhimisho)



Kamati ya maadhimisho ilitutaka tuzungumze kwa nusu saa juu ya jambo litakalowafaa vijana. Wangeweza kumpata mzungumzaji msomi zaidi. Sisi ni watu wa duka. Elimu yetu iliishia sekondari, na baada ya hapo shule yetu ilikuwa kaunta na daftari la hesabu. Lakini tangu ile filamu ya Oppenheimer ilipotoka mwaka 2023, vijana wa mandir hii wamekuwa wakituuliza swali moja, kila mmoja kwa namna yake. Mtu aliyesimamia utengenezaji wa bomu la kwanza la atomiki alikuwa msomaji wa Bhagavad Gita. Je, hiyo ni sifa kwetu au ni aibu? Wako waliouliza kwa fahari, na wako waliouliza kwa sauti ya chini, kana kwamba wamekuta jina la ukoo katika kesi ya jinai. Tumelichukua swali hilo kwa uzito, tukasoma kadiri ya uwezo wetu, na tuliyoyapata ndiyo tunayoyaleta mbele yenu.

Tuanze na baba yake, kwa kuwa hapo tunajikuta nyumbani. Julius Oppenheimer alifika New York kutoka Ujerumani mwaka 1888, kijana asiyejua Kiingereza, akapokelewa na jamaa zake waliokuwa wakifanya biashara ya kuagiza vitambaa. Alianza chini, akapanda, akawa mshirika, akawa tajiri. Ni wangapi humu ukumbini ambao babu zao hawakuanza hivyo? Mahali pa meli wekeni jahazi, na mahali pa New York wekeni Zanzibar au Bagamoyo, na kisa ni kile kile. Mwanawe Robert alizaliwa tarehe 22 Aprili 1904. Hakulazimishwa kurithi biashara ya vitambaa. Alipelekwa shule nzuri, akamaliza masomo ya Harvard kwa miaka mitatu, akavuka bahari kwenda Cambridge na kisha Göttingen, ambako alipata shahada ya udaktari mwaka 1927, akiwa na umri wa miaka 23. Tangu mwaka 1929 alifundisha fizikia huko Berkeley, California.

Chuoni hapo alikuwapo profesa wa Kisanskriti, jina lake Arthur Ryder. Mwaka 1933 Oppenheimer alianza kujifunza kwake, akaisoma Gita katika lugha yake ya asili. Nakala aliiweka karibu na meza yake ya kazi, na nyingine aliwapa marafiki. Miaka thelathini baadaye, jarida moja lilipomwuliza ni vitabu gani vilivyoujenga mwelekeo wa maisha yake, Gita ilikuwa miongoni mwa kumi alivyovitaja. Kwa hiyo wanaosema kwamba kitabu hiki kwake kilikuwa pambo la mazungumzo wanamwonea. Wengi wetu tumeisikia Gita tangu tungali mapajani mwa bibi zetu, na bado hatuijui sarufi ya Kisanskriti hata robo ya aliyoijua mtu yule.

Kwa faida ya majirani zetu, tueleze kidogo. Gita ni sehemu ya utenzi mkubwa uitwao Mahabharata. Ina sura 18 na beti 700. Arjuna, mpiga mishale asiye na kifani, anaomba gari lake la vita lisimamishwe katikati ya majeshi mawili katika uwanja wa Kurukshetra. Anatazama upande wa pili na kumwona babu yake, mwalimu wake, na binamu zake aliokua nao. Upinde unamponyoka mkononi. Anakaa chini, anasema hatapigana. Krishna, ambaye ndiye anayeliendesha gari lile, anaanza kusema naye. Humfundisha mambo mengi, na mojawapo ni hili: kila mtu ana wajibu wake, naye autimize bila kuyang'ang'ania matunda ya kazi yake. Fundisho hilo ndilo lililomwingia Oppenheimer damuni. Yeye alikuwa mwanasayansi. Wajibu wa mwanasayansi ni kuvumbua. Na jinsi uvumbuzi utakavyotumika, hilo ni la watawala.

Sasa tuingie vitani. Mwishoni mwa mwaka 1938, wanakemia wawili wa Berlin waligundua kwamba kiini cha atomi ya urani chaweza kupasuliwa. Wanafizikia wa dunia nzima walielewa maana yake: nguvu iliyofungwa humo yaweza kufunguliwa kwa mara moja. Na ugunduzi huo ulikuwa umefanyika katika nchi iliyokuwa mikononi mwa Hitler. Wengi wa wanasayansi waliokimbilia Uingereza na Marekani walikuwa Wayahudi walioponea chupuchupu, na Oppenheimer mwenyewe alikuwa wa asili hiyo. Hofu yao haikuwa ya kubuni, na tusiwe wepesi kuwahukumu kwa kuanza kazi ile. Mwaka 1942 Jenerali Leslie Groves alimteua Oppenheimer kuongoza maabara ya siri, na mwaka 1943 ikafunguliwa juu ya uwanda wa Los Alamos, New Mexico. Mradi wote, pamoja na viwanda vyake katika majimbo mengine, uligharimu kiasi cha dola bilioni 2 za wakati huo na kuajiri watu wapatao 130,000, ambao walio wengi hawakujua wanatengeneza nini.

Miongoni mwa waliojua alikuwamo Mpolandi mmoja, Joseph Rotblat. Aliondoka Warsaw mwaka 1939 kwenda Liverpool kwa masomo, akamwacha mkewe nyuma. Vita vikafunga njia, naye mke akaangamia katika mauaji ya Wayahudi. Kama yuko mtu aliyekuwa na haki ya kulitaka bomu dhidi ya Wajerumani, ni huyu. Hata hivyo, mwishoni mwa mwaka 1944 alipata habari kwamba Wajerumani walikuwa wameuacha mpango wao wa bomu. Kwake, sababu iliyomleta Los Alamos ilikuwa imekwisha. Akaomba ruhusa, akafunga mizigo, akaondoka. Wanasayansi wengine wenye habari hiyo hiyo walibaki. Rotblat aliigeuza fizikia yake kuwa ya tiba, akafanya kazi katika hospitali ya St Bartholomew's mjini London, na maisha yake yaliyobaki akayatumia kupinga silaha hizi, hata akapewa Tuzo ya Nobel ya Amani mwaka 1995 pamoja na jumuiya ya Pugwash aliyoshiriki kuiasisi.

Tunamtaja kwa sababu watu hupenda kusema kwamba wakati ule haikuwezekana kutenda vinginevyo. Iliwezekana. Mlango ulikuwapo, na mtu mmoja aliupita.

Ujerumani ilisalimu amri Mei 1945. Mtu angedhani kazi ingepungua kasi, ikaongezwa. Adui aliyebaki alikuwa Japani, ambayo haikuwa na bomu la namna hiyo wala haikukaribia kuwa nalo. Na hapa ndipo tunapowaomba mtuvumilie tukae kidogo, kwa kuwa kwa maoni yetu mzigo wa Oppenheimer ulifungwa kamba katika juma moja la mwezi wa Juni, kabla bomu lolote halijalipuka.

Huko Chicago, wanasayansi wa mradi ule ule, wakiongozwa na James Franck, waliandika ripoti tarehe 11 Juni. Walishauri bomu lisiangushwe juu ya mji bila onyo. Kwanza lionyeshwe mahali pasipo na watu, mataifa yote yakishuhudia. Serikali ikawauliza wanafizikia wanne wakubwa watoe maoni yao, na Oppenheimer alikuwa mmoja wao. Tarehe 16 Juni walijibu. Walisema hawawezi kupendekeza onyesho litakaloelekea kuvimaliza vita, na kwamba hawaoni njia mbadala inayokubalika isipokuwa matumizi ya moja kwa moja ya kijeshi. Kisha wakaongeza, kwa unyenyekevu, kwamba wao kama wanasayansi hawana ujuzi maalumu wa kutatua matatizo ya kisiasa, ya kijamii na ya kijeshi.

Ndugu zetu, karatasi hiyo tuliisoma mara nyingi. Sisi tumetia sahihi mikataba mingi maishani, na tumejifunza kuangalia maneno ya mwisho yanakaaje na maneno ya mwanzo. Mtu anayesema hana ujuzi wa jambo fulani hunyamaza, au husema waulizeni wengine. Hawa walikwisha kulijibu swali, na jibu lao lilikuwa la kisiasa na la kijeshi. Unyenyekevu ulikuja baada ya jibu, kama yule dalali anayekuhimiza ununue shamba na mwishoni anasema yeye si mtu wa mashamba.

Katibu wake alisimulia baadaye kwamba siku zile Oppenheimer alikuwa akitembea huku akiwasikitikia kwa sauti watu wadogo, maskini, akiwakusudia Wajapani. Katika siku hizo hizo aliwaelekeza maofisa kwa makini: bomu lisiangushwe katika mawingu, na lilipuke kwa kimo sawasawa, ili madhara yasipungue. Huruma na maelekezo vilitoka katika kinywa kimoja. Wala hatudhani kwamba huruma ile ilikuwa ya uongo. Tunadhani ilikuwa ya kweli, na ndiyo maana habari hii ni nzito. Mwaka 1954, akihojiwa, alikiri kwamba mtaalamu akiona jambo lenye utamu wa kiufundi, hulifanya kwanza, na mjadala wa litumikeje huja baada ya kufaulu.

Jaribio lilifanyika tarehe 16 Julai 1945, saa kumi na moja na nusu alfajiri, katika jangwa la New Mexico. Nguvu ya mlipuko ilikuwa kama ya zaidi ya tani 20,000 za baruti. Katika televisheni, mwaka 1965, Oppenheimer mwenye uso uliokonda alisema kwamba wakati ule alikumbuka mahali katika Gita ambapo Krishna anamdhihirishia Arjuna umbo lake lenye mikono mingi. Ni sura ya 11, na wengi wenu mnaijua kwa moyo. Neno la Kisanskriti analolitumia Krishna kujitaja hapo ni kala. Oppenheimer, akimfuata mwalimu wake Ryder, alilifasiri kuwa mauti, ilhali wafasiri wengi husema wakati, yaani wakati unaomaliza kila kitu. Nduguye Frank, aliyekuwa pamoja naye jangwani, alikumbuka kwamba alichokisema kwa sauti siku ile ni kwamba limefanya kazi, basi. Twaamini yote mawili. Mtu husema la kazi kwa kinywa, na la moyo hulisema baada ya miaka ishirini.

Tarehe 6 Agosti bomu la urani liliangushwa Hiroshima, na tarehe 9 jingine, la plutoniamu, Nagasaki. Hadi mwisho wa mwaka huo watu wapatao 140,000 walikuwa wamekufa katika mji wa kwanza na wapatao 70,000 katika wa pili. Baadhi ya watoto waliokuwa tumboni mwa mama zao siku ile walizaliwa na vichwa vidogo na akili zilizodumaa.

Majirani zetu wa hapa waweza kusema kwamba hayo ni mambo ya Wazungu na Wajapani. Sivyo. Sehemu kubwa ya urani ya mradi ule ilitoka Shinkolobwe, katika jimbo la Katanga, Kongo, ambako watu huzungumza Kiswahili kama sisi. Mawe ya huko yalikuwa na urani nyingi kuliko ya machimbo mengine yote yaliyojulikana. Wachimbaji wa Kikongo waliyabeba bila kinga yoyote na bila kuambiwa ni ya nini. Mkurugenzi wa kampuni ya machimbo, Edgar Sengier, alisafirisha tani zipatazo 1,200 hadi bohari moja ya New York mwaka 1940, na mnunuzi alipokuja, mwaka 1942, mzigo ulikuwa tayari unamngoja. Kama mfanyabiashara, twastaajabia uoni wake wa mbali. Serikali ya Marekani ilimpa nishani. Waliobeba mawe hawakupewa kitu, na majina yao hayasomwi popote.

Sengier naye angeweza kusema kwamba kazi yake ni kuuza. Sisi wenye maduka twaijua sentensi hiyo. Huilinda hesabu na huuacha usingizi uwe mtamu. Lakini kila mtu wa pwani anajua samaki wanavyouawa kwa baruti, na matumbawe yanavyobomoka pamoja nao. Baruti ile hutoka kwa muuzaji fulani, aliyempimia mteja ambaye anajua vyema kwamba hana mgodi wala machimbo ya mawe, ila ana ngalawa.

Turudi kwenye Mahabharata, kwa maana lile swali la vijana halijajibiwa. Wako wanaosema siku hizi, hata kwenye simu zetu, kwamba wazee wetu wa kale walikuwa na bomu la nyuklia, na kwamba silaha za utenzini ndizo hizo. Sisi hatuafiki. Hatuhitaji kuwapa mababu bomu ndipo tuwaheshimu. Lakini kiko kisa katika utenzi huo ambacho kila mtoto wa mandir hii amefundishwa, na kinafaa hapa kuliko ubeti maarufu wa sura ya 11.

Vita vimekwisha. Ashwatthama, mwana wa mwalimu Drona, anaingia usiku katika kambi ya washindi na kuwaua watu wakiwa usingizini. Anapoandamwa, anaokota unyasi na kuutia mantra ya silaha kuu ya Brahma. Arjuna naye anaitoa silaha hiyo hiyo kuikabili. Watakatifu wawili, Narada na Vyasa, wanasimama katikati na kuwaamuru wote wawili wazirudishe. Arjuna anairudisha yake, kwa sababu ameitawala nafsi yake. Ashwatthama hawezi. Alifundishwa kuitoa, lakini kuirudisha ni kwa mwenye moyo safi, naye hakuwa nao. Basi anaielekeza kwenye matumbo ya wanawake wa nyumba ya Pandava, ikampiga mtoto wa Uttara kabla hajazaliwa. Krishna akamhuisha mtoto, na Ashwatthama akalaaniwa kutangatanga miaka 3,000, peke yake, akinuka damu na usaha.

Huenda Oppenheimer alivijua visa hivi. Katika utenzi, kuwaua waliolala ni dhambi, na mwenye silaha asiyeweza kuirudisha hana ruhusa ya kuitoa. Arjuna aliwakabili mashujaa wenye silaha mikononi, waliokuja kupigana naye mchana, na aliziona nyuso zao. Hiroshima ilikuwa saa mbili na robo asubuhi. Watu walikuwa wakienda kazini na shuleni.

Na liko jambo jingine, ambalo kwetu ndilo kubwa. Katika sura ya 18, baada ya kufundisha yote, Krishna anamwambia Arjuna ayatafakari kikamilifu, kisha atende apendavyo. Hamwamuru. Uamuzi unarudi kwa mwenye upinde. Gita yatutaka tuache tamaa ya matunda. Haikusema tuache kuulizwa juu ya tendo. Oppenheimer alichukua sehemu ya wajibu, akaishika kwa uaminifu wa ajabu, lakini sehemu hii ya mwisho aliwakabidhi watawala. Kwa hiyo, vijana wetu, kama mnataka jibu, ni hili: kitabu hakikulibariki bomu. Alikisoma mtu mwenye akili kubwa sana, na katika juma lile la Juni hakufika nacho hadi sura ya mwisho.

Mgujarati mmoja wa Porbandar alikisoma kitabu hicho hicho, akakiita mama yake. Mohandas Gandhi alikitafsiri kwa Kigujarati, na tafsiri yake ikatoka mwaka 1930. Kwake, uwanja wa Kurukshetra ulikuwa moyo wa binadamu. Bomu lilipokwisha kuanguka, aliandika katika gazeti lake la Harijan, mwaka 1946, akikataa wazo kwamba silaha hii itaogopesha watu hadi waiache vita. Aliona kwamba bomu haliwezi kuondolewa kwa bomu jingine. Wanazuoni watasema Gandhi aliunyoosha mno utenzi wa vita hadi ukawa wa amani. Huenda. Lakini aliusoma huku akijihesabu yeye mwenyewe kuwa mwenye kujibu.

Maisha ya Oppenheimer baada ya vita tutayapitia upesi, kwa kuwa filamu imeyasimulia. Oktoba 1945 alimwambia Rais Truman kwamba anahisi damu mikononi mwake, na Rais akachukizwa. Mwaka 1949 kamati aliyoiongoza ilishauri Marekani isikimbilie bomu la haidrojeni, lenye nguvu mara mamia. Safari hii alikuwa amefika mapema mlangoni, lakini hakusikilizwa. Mwaka 1954 alihojiwa kwa majuma kadhaa, urafiki wake wa zamani na wakomunisti ukafukuliwa, na kibali chake cha siri za taifa kikafutwa. Uamuzi huo ulitanguliwa rasmi mwaka 2022, yeye akiwa kaburini miaka 55. Alionewa, hilo halina shaka. Ila kuonewa kwake mwaka 1954 si malipo ya mwaka 1945. Hayo ni madaftari mawili, na anayeyachanganya hawezi kufunga hesabu.

Tungependa zaidi kusema neno juu ya mtu wa nyumbani. Vikram Sarabhai alizaliwa Ahmedabad mwaka 1919, naye pia mtoto wa vitambaa: familia yake ilimiliki kiwanda maarufu cha Calico. Alikuwa mwanafizikia wa miale ya angani, na ndiye mwasisi wa mpango wa anga wa India. Kwa majirani zetu Wakatoliki tuseme kwamba roketi ya kwanza ya India, ya mwaka 1963, ilitayarishwa katika kanisa la Mtakatifu Maria Magdalena kijijini Thumba, ambalo askofu na waumini walilitoa kwa ajili ya sayansi. Homi Bhabha alipofariki katika ajali ya ndege mlimani Mont Blanc, Januari 1966, Sarabhai alikabidhiwa Tume ya Nishati ya Atomiki. China ilikuwa imelipua bomu lake miezi kumi na tano kabla, na India ilikuwa na kelele nyingi za kutaka la kwake. Sarabhai hakuzifuata kelele. Aliwataka watu wahesabu gharama yote ya ulinzi kama huo, si bei ya bomu moja, na waulize kama usalama wa nchi maskini hupatikana kwa njia hiyo. Hakujiuzulu kama Rotblat, wala hakusema uamuzi si wake. Alikaa kitini na kuuliza maswali yasiyopendwa, huku baadhi ya wataalamu waliokuwa chini yake wakilitaka jaribio. Alifariki Desemba 1971, akiwa na miaka 52. Mei 1974 jaribio lilifanyika Pokhran, na mwaka 1998 yakafanyika mengine, watu wakagawiana ladu mitaani Delhi. Hatukuja hapa kuihukumu serikali ya India, ambayo ina majirani wenye silaha na ina sababu zake. Twasema tu kwamba picha ya Sarabhai ingependeza katika darasa letu la Jumapili.

Oppenheimer aliizuru Japani mwaka 1960. Waandishi wa habari walimwuliza kama anajuta, akajibu kwamba hajutii kuwa na sehemu katika mafanikio ya kiufundi ya bomu. Hakusema kwamba hana huzuni. Miaka minne baadaye, mwaka 1964, manusura wa mabomu yale walikuwa wakizuru nchi mbalimbali kueleza yaliyowapata, na baadhi yao walimfikia Princeton. Hapakuwa na kamera. Mkalimani aliyekuwapo alisimulia miaka mingi baadaye kwamba, mara walipoingia chumbani, machozi yalikuwa yakimtiririka, naye akarudia kuomba radhi.

Alifariki Februari 1967 kwa saratani ya koo, akiwa na miaka 62. Mwili wake ulichomwa moto, na mkewe akaichukua chupa ya majivu hadi kisiwa cha St John katika bahari ya Karibi, walikokuwa na nyumba, akaiacha izame majini karibu na ufuko.